Nani Kakwambia Habari za Emiliana?

Shangazi Sabrina, shikamoo. Najua ukurasa wako umezoea waume na mashemeji na mimi yangu si ya mapenzi, lakini nimekosa pa kuipeleka, naomba unisome mpaka mwisho hata kama utanigombeza, kwa sababu mwanamke niliyemtunga mwenyewe kichwani, nimekaa chumbani kwangu na kikombe cha chai, ametokea kuwa alikuwa mtu kweli, na sasa kuna mama wa watu anaweza kuumia kwa ajili yake.

Naitwa Ursula, ni mwanafunzi wa shahada ya uzamili hapa Dodoma, kwetu ni Bukoba lakini huku nimeshakuwa mwenyeji. Utafiti wangu unahusu wajane na mashamba, yaani tangu wizara zianze kujengwa kule Mtumba, maeneo ambayo zamani hakuna aliyeyageukia yamepata wenyewe wengi ghafla, na mume akifariki mjane ndiye wa kwanza kuambiwa afungashe. Katika kijiji kimoja upande wa Hombolo nilimpata mama anaitwa Dorkasi, mjane, mpole, ana maneno machache lakini kila moja lina uzito wake, nikamsomea fomu ya ridhaa, nikamwahidi kwa mdomo wangu kwamba hakuna atakayejua kuwa ni yeye. Akaniuliza, "Hata ndugu wa mume wangu?" Nikasema hata hao. Akaniangalia, akasema haya, washa hiyo simu yako urekodi.

Alinieleza jinsi walivyotoka makaburini na kukuta kufuli jipya mlangoni kwake, jinsi shamba la karanga lilivyochukuliwa, na jinsi alivyohamia kwenye chumba kimoja pembeni mwa kijiji, na nilikwenda kwake mara nyingi, tukazoeana, akawa ananiita mwanangu. Siku moja katikati ya mazungumzo akasema, "Zima hicho kwanza," nikazima simu ya kurekodia, tukakaa tunamenya karanga mpaka jua likapoa, tunaongea mambo ya kawaida tu ya akina mama ambayo hata siyakumbuki, nikaaga nikarudi mjini.

Sasa Shangazi, sisi tunafundishwa kwamba jina la bandia peke yake halitoshi, maana kijijini mtu anatambulika kwa alama zake, kwa hiyo wakati wa kuandika nilimbadilisha Dorkasi mwili mzima. Nikamwita Emiliana, jina lilikuja tu. Karanga nikazifanya zabibu. Dorkasi ana miguu mizima, nikampa Emiliana mguu wa kushoto unaochechemea, Dorkasi alikuta kufuli mlangoni, Emiliana nikamtoa nyumbani kabisa, nikaandika kwamba shemeji zake walimfuata kisimani kando ya shamba la zabibu, wakamwambia asikanyage tena nyumbani kwao, na ndoo yake ya kijani ikabaki pale ukingoni. Nakuapia, rangi ya ile ndoo niliichagua huku naangalia ndoo yangu ya kufulia.

Watu wa kule wamechoka na watafiti, wanasema nyie mnakuja mnauliza mnaondoka, kwa hiyo nilikuwa nimeahidi nitarudi niwasomee nilichopata, na nikarudi kweli, nikajiona mtu wa maana sana. Mwenyekiti wa kijiji alitupatia darasa, ilikuwa mchana wa jua kali na ule upepo wetu unapiga bati, watu wamejaa kwenye madawati, nikasoma matokeo kidogo halafu nikasema sasa niwape mfano, nikaanza kusoma habari ya Emiliana. Nilipofika kwenye mguu nikaona wanawake wawili wameangaliana. Nilipotaja kisima, bibi mmoja wa mbele akashuka kwenye dawati, akakaa sakafuni, akanyoosha miguu, akajitanda kanga kichwani, nikadhani labda mgongo unamuuma. Halafu wa pembeni yake naye akashuka, na mwingine, na mwingine, taratibu, bila kelele yoyote, na mimi naendelea kusoma kama mjinga kwa sababu sikujua kuacha kunafanywaje, na nilipomaliza na ile ndoo ya kijani hakukuwa na mwanamke hata mmoja kwenye dawati, wote wako chini wamenyoosha miguu kama watu waliofika msibani, hakuna anayelia, na wanaume wote wanaangalia ukutani.

Ndipo akasimama mzee mmoja nadhifu, koti juu ya shati jeupe, baadaye nikajua ni mzee Methusela, akaniuliza kwa upole kabisa, "Mwanangu, nani kakwambia habari za Emiliana?"

Nikacheka kwa woga. Nikasema, "Mzee wangu, huyo hayupo, nimemtunga mimi."

Akatikisa kichwa kukubali. "Ni kweli," akasema, "hayupo." Akakaa.

Mkutano ukaisha hivyo hivyo, hakuna aliyeuliza swali. Yule bibi wa kwanza alinisindikiza mpaka barabarani na ndiye aliyeniambia kwamba Emiliana alikuwa mke wa marehemu mdogo wake mzee Methusela, alikuwa na mguu mbovu na shamba la zabibu aliloachiwa na mumewe, na miaka ya nyuma kabla mimi sijafika huku watu waliambiwa amesafiri, amekwenda kuishi kwa dada yake Singida, na wiki ile ile kisima cha kando ya shamba kikafukiwa. Nikamuuliza kilikauka? Bibi akanyoosha midomo kunionyesha upande wa shamba, mizabibu ya watu wote ilikuwa imesinyaa kwa kiangazi lakini kulikuwa na sehemu moja ya duara imestawi kijani kibichi, akasema, "Hakikukauka, mwanangu. Kilikuwa na maji." Shangazi wewe ni mtu wa huku, hebu niambie, nani katika Dodoma hii anafukia kisima chenye maji?

Dorkasi alikuwa ananisubiri mbele kidogo, mahali ambapo hatuonekani, na hakunisalimia. Aliniuliza jambo moja tu, "Mbona umenivalisha marehemu?" Nikaanza kumweleza kwamba nilikuwa nataka kumficha, kwamba ni utaratibu, kwamba nimetunga, akanikatiza akasema, "Basi aliyekutungia ananijua mimi na anamjua yeye," akageuka akaenda zake.

Tangu siku hiyo mzee Methusela anakwenda kwa Dorkasi kila siku. Hafanyi fujo, laiti angefanya fujo. Anafika, anasalimia kwa Kigogo, "mbukwenyi", kama mtu mwenye adabu zake, anavuta kigoda anakaa mlangoni, hasemi kitu, halafu anaacha kichala cha zabibu kizingitini na kuondoka. Dorkasi hazili, amezijaza kwenye beseni, anasema akizitupa ataulizwa kwa nini amezitupa. Na kijiji kizima kinajua kwamba ni yeye aliyeongea na mimi, maana siri gani hiyo, wakati viatu vyangu vilikuwa mlangoni kwake kila nilipokwenda na njia ya shambani inapita pale pale. Watoto wa majirani wameanza kumwita mama Emiliana. Anaitika. Nilimuuliza mbona unaitika, akasema amechoka kukataa. Na nilipokwenda kumwona wiki iliyopita alitoka ndani kunipokea, Shangazi, mguu wa kushoto anauburuta. Nikamuuliza mguu una nini, akauangalia kama vile si wake, akasema hauna kitu.

Nimesikiliza rekodi zote tangu mwanzo. Hakuna kisima. Hakuna ndoo. Hakuna mahali popote ametaja Emiliana. Na mzee Methusela amepata namba yangu, ananipigia, ananiuliza masomo yanaendeleaje na wazazi hawajambo, halafu anasema ana ombi dogo, anaomba nimsikilizishe hiyo sauti mara moja tu, ajue kama ni ya Dorkasi au ni ya Emiliana mwenyewe.

Nilimwendea msimamizi wangu, Dokta Alfonce, akacheka, akasema hayo yanatokea, badilisha jina weka hata Rose, kabidhi tasnifu, mambo ya kijiji waachie kijiji. Nikajaribu. Nikafuta Emiliana, nikaanza kuandika mama mwingine, nikamweka kijiji cha Haneti, mfuga mbuzi, jicho moja halioni, na kabla sentensi haijaisha nikaacha kuandika, nikajiuliza, na huyu je, huyu naye ni nani? Nikafunga kompyuta.

Sasa naomba uniambie nifanye nini. Nimwambie mzee ukweli kwamba Dorkasi hakuniambia kitu ili amwache? Haniamini. Niende polisi? Nitasema nimejuaje, na nilimwahidi Dorkasi kwamba jina lake halitatoka kinywani mwangu, niliapa. Nifute rekodi zote nikae kimya nimalize shule? Au nirudi Bukoba kabisa? Nahisi kama nimefungua mlango wa nyumba ya watu na sasa siwezi kuufunga. Nisaidie Shangazi, na kama nina wazimu niambie pia.

Ursula

SHANGAZI SABRINA ANAJIBU

Marahaba Ursula mwanangu. Wazimu huna. Pole kwa hofu, hofu hiyo ni ya kweli na hata mimi nimesoma barua yako mchana kweupe nikajikuta nasogeza kiti karibu na dirisha. Pole imeishia hapo. Sasa kaa vizuri nikuseme.

Umeniandikia barua ndefu kuhusu mfu, na aliye hai umemweka katikati kama kitunguu kwenye mchuzi. Kuna mama amekaa chumba kimoja pembeni mwa kijiji na mwanamume anakuja kila siku kukaa mlangoni kwake bila kusema kitu, na wewe unaniuliza kuhusu tasnifu! Huyo ndiye wa kushughulikiwa. Emiliana amesubiri miaka, hata wiki mbili zaidi atasubiri. Dorkasi hawezi.

Tuondoe kwanza hili la kutunga, kwa sababu naona ndilo linalokukosesha usingizi. Umesema mwenyewe kwamba siku moja alikuambia uzime, ukazima, mkakaa mnamenya karanga mpaka jua likapoa, mkaongea mambo ya kawaida "ambayo hata siyakumbuki". Weee Ursula! Huyakumbuki! Kwani mwanamke anasema "zima hicho" ili azungumzie bei ya sukari? Uliambiwa, mwanangu. Uliambiwa pale pale, kwa sauti ya chini, labda nusu Kiswahili nusu Kigogo, mikono yako iko kwenye karanga na akili yako inawaza gari la kurudi mjini, na maneno yakaingia yakakaa. Halafu siku umekaa na chai yako unatafuta mwanamke wa kubuni, wa kwanza kuja akawa yeye, na mguu wake na kisima chake. Dorkasi mwenyewe huenda anajifanya hakusema, au amesahau kweli, maana anayeishi kijiji kimoja na jambo kama lile hujifunza kusahau haraka. Hayo ndiyo maelezo yangu na nayashikilia, kwa sababu maelezo mengine siyataki.

Lakini usishushe pumzi. Maelezo yangu yanakuweka pabaya zaidi. Kama ungekuwa umetokewa na mzuka ningekuombea tu. Wewe umechukua kitu ulichopewa baada ya kuzima, kitu ambacho hakimo kwenye ridhaa, mwanamke amempa mwanamke mwenzake, ukakipeleka mbele ya kijiji kizima na ukakisoma kwa sauti. Na lililoniudhi kuliko yote ni hili: mwanzoni ulimsomea Dorkasi fomu neno kwa neno. Mbona mwishoni hukumsomea hadithi? Ungekwenda kwake peke yenu, ukamsomea huyo Emiliana wako kabla ya darasa, kabla ya madawati, angekushika mkono kwenye sentensi ya pili. Ulikuwa unakimbilia kupigiwa makofi, na ukashukiwa sakafuni.

Mguu. Umeanza kuniambia mguu kama vile marehemu amemwingia. Hebu jiulize Dorkasi anachota maji wapi, kama kisima cha karibu kimefukiwa. Mama wa umri ule anayetembea mbali na ndoo kichwani lazima siku moja atachechemea. Mpeleke hospitali. Kama daktari akisema mguu hauna kitu, basi ni hofu, na hofu nayo inatibika mtu akitolewa pale inapomkuta. Na hilo la kuitika jina la Emiliana usilifanye miujiza. Mtu amechoka, yuko peke yake, anaitwa, anaitika. Mpe mtu wa kumwita Dorkasi.

Kwa hiyo utafanya hivi, na hutasubiri Jumatatu. Usimpigie simu, hujui nani amekaa mlangoni. Nenda wilayani kwa afisa ustawi wa jamii, tafuta mwanamke mwenzako, mweleze kwamba kuna mjane anatishwa, hilo tu linatosha kuanzia, na mwende wote kwa gari, mchana, kama watu waliokuja kumpeleka mgonjwa hospitali, ambayo si uongo. Mkiwa njiani muulize Dorkasi mwenyewe anataka kwenda wapi. Muulize, sikuambii umwamulie! Ameshaamuliwa vya kutosha. Kama ana ndugu wa damu yake, kama ana kanisa lake, atasema.

Halafu mwombe akufungulie ile ahadi. Unaniambia uliapa. Vizuri. Uliapa ili yeye awe salama, hukuapa ili wewe uwe na sababu ya kunyamaza. Ahadi ni yake, si yako, anaweza kuilegeza na anaweza kuikaza. Akiilegeza, nendeni naye polisi kwenye dawati la jinsia, aseme mwenyewe anachokijua. Akiikaza, usimlazimishe na usimnung'unikie, utakwenda wewe, na utasema ulichokiona kwa macho yako na kukisikia hadharani: darasa lililojaa wanawake walioshuka chini, swali la mzee, kisima kilichofukiwa na duara la kijani kwenye mizabibu iliyosinyaa. Kwa hayo huhitaji jina la Dorkasi hata mara moja. Wewe mwenyewe ni shahidi sasa, utafiti umeisha.

Mzee Methusela usimpokelee simu. Usimweleze kitu, usimbishie, usimwapie kwamba Dorkasi hakusema, kwa sababu kila ukimwambia si fulani unampunguzia watu wa kuwatilia shaka. Sauti hapewi. Haifutwi pia, hata ukitetemeka, kwa kuwa siku ikifika ndiyo itakayoonyesha Dorkasi alisema nini na hakusema nini. Na hizo zabibu kwenye beseni mwambie huyo afisa azione. Mimi sisemi mzee amefanya jambo lolote. Sijui, na wewe hujui. Lakini mtu asiye na neno haombi kusikilizishwa sauti ya aliyesafiri.

Dokta Alfonce mwandikie, umweleze yote, na nakala ipeleke kwa kamati ya maadili ya utafiti hapo chuoni kwenu, usiende kwa mdomo, ulishakwenda kwa mdomo akacheka. Eti mambo ya kijiji waachie kijiji! Data ilipokuwa tamu ilikuwa ya nani? Tasnifu iweke pembeni mpaka Dorkasi awe mahali anapolala bila kusikiliza mlango. Joho halina miguu, utalikuta. Na Bukoba huendi, labda kama utakwenda naye.

Kuhusu kutunga mwanamke mwingine wa kuweka mahali pa Emiliana, usitunge. Acha nafasi wazi, andika kwamba habari hii imeondolewa kwa usalama wa aliyeisimulia. Hakuna aliyewahi kushuka sakafuni kwa sababu ya nafasi iliyo wazi.

Nilikuwa nimemaliza hapo na jibu limeshakwenda kupangwa, lakini inabidi niongeze neno, na wewe Ursula ulisome kwa makini, maana nilikugombeza kwa kujiamini sana.

Wasomaji wangu mnajua kwamba katika ukurasa huu mimi hubadilisha kila kitu. Mwandishi wa barua hii hakujiandika Ursula. Kijiji chake hakiko Hombolo, kiko mbali na hapo, na mazao yake si zabibu. Mwanamke aliyemtunga hakumwita Emiliana, na kilema alichompa hakikuwa cha mguu. Singida nimeiweka mimi. Kilichobaki cha kwake ni wajane, darasa, kisima na ndoo; majina, mahali na alama nyingine zote nilizitoa kichwani asubuhi moja nikiwa na chai yangu, kama ninavyofanya kila wiki, na Mungu anisamehe, wala sikufikiri.

Anayenipangia ukurasa anaitwa Gladness, binti mchapakazi, nimefanya naye kazi muda mrefu na sikuwahi kumuuliza kwao ni wapi hasa. Leo mchana nilimwona ameacha kupanga. Akavuta kiti akataka kukaa, halafu akakiacha, akakaa chini sakafuni pale ofisini, akanyoosha miguu. Nikamwita, Gladness, una nini? Akaniuliza, "Shangazi, nani kakwambia habari za mama mdogo?"

Nikamwambia nimetunga. Niliyasikia maneno yanatoka kinywani mwangu na nikayatambua.

Mama yake mdogo aliitwa Emiliana. Aliolewa upande wa Hombolo, alikuwa na mguu mbovu tangu utoto, aliachiwa shamba la zabibu na marehemu mumewe. Wakwe zake walileta habari kwamba amehamia Singida kwa dada yake. "Dada yake ni mama yangu," Gladness akaniambia. "Hana dada mwingine. Na sisi hatujawahi kukaa Singida." Amekuwa akijua hilo tangu akiwa msichana na hakuna aliyewahi kumuuliza.

Karanga sikumenya na mtu. Sikuambiwa na yeyote. Maelezo yale niliyosema nayashikilia, Ursula, yatakufaa wewe, mimi hayanisaidii. Ninachojua ni kwamba nilitunga mjane yeyote, nikamtupa popote, na alikuwepo.

Nilimwambia Gladness nafuta yote sasa hivi, naweka jina jingine na kijiji kingine. Akakataa. Akasema mtu wa kuulizwa ruhusa hapa ni yeye, kwa kuwa mama yake ameshatangulia, na yeye ruhusa anatoa. Kesho mapema mimi na yeye tunakwenda Hombolo, tukianzia polisi.

"Usiguse hata neno, Shangazi," alisema. "Acha itoke hivyo hivyo waisome. Kile kisima chao nakikumbuka, tulikuwa tunaoga pale tukienda kumtembelea. Kilikuwa na maji."